Wengi wa nani? Kura ya Maore na hesabu isiyokubaliwa tangu 1974

Swali la msomaji: "Assalaam alaykum mwalimu. Mimi ni wa Mombasa, na bibi yangu mzaa mama ni Mngazija. Nyumbani hatuelewani juu ya kisiwa cha Maore, hicho Wafaransa wanachokiita Mayotte. Mjomba anasema Wafaransa wamekipora. Mimi nasema watu wa Maore walipiga kura wenyewe wakachagua kubaki na Ufaransa, na wengi wakishasema, yamekwisha. Nani kati yetu ana haki kisheria? Halafu nina shangazi aliyezaliwa Nzwani, kisiwa kingine cha Komoro, na huu ni mwaka wa ishirini anaishi Mamoudzou, mji mkubwa wa Maore. Ikipigwa kura nyingine, naye atahesabiwa?"

Jibu:

Wa alaykumu ssalaam, mwanangu. Wewe na mjomba wako mnatumia neno moja, wengi, na kila mmoja ana daftari lake la kuhesabia. Mjomba anahesabu visiwa vinne kwa pamoja, wewe unahesabu kimoja. Mnaweza kubishana mpaka alfajiri na kila mtu akawa sahihi ndani ya daftari lake. Kwa hiyo nitaanza na siku ambayo madaftari hayo mawili yalifunguliwa, kisha tutafika kwa shangazi, maana swali lake ndilo zito kuliko yote uliyoniletea.

Tarehe 22 Desemba 1974 watu wa Komoro waliulizwa kama wanataka uhuru. Ukijumlisha visiwa vyote, karibu asilimia 95 walisema ndiyo. Ukikitoa Maore ukakihesabu peke yake, karibu asilimia 64 walisema hapana. Kila mwaka huwaandikia wanafunzi wangu namba hizi mbili ubaoni na kuwauliza nani ameshinda. Darasa hugawanyika papo hapo, na mara nyingi yule anayetoka kisiwani, Unguja au Pemba au Lamu, huona jambo ambalo wa bara halimjii upesi.

Sasa angalia Ufaransa ilivyojifunga na kujifungua. Mwaka 1973 serikali ya Paris ilikubaliana na viongozi wa Komoro kwamba uhuru utafuata matakwa ya watu wa visiwa. Miezi miwili kabla ya kura, Rais Giscard d'Estaing alisema hadharani kwamba Komoro ni kitu kimoja, na haingii akilini kisiwa kimoja kiwe na hatima tofauti na vingine. Lakini sheria iliyopitishwa na bunge lake Novemba 1974 ilizungumzia kuulizwa kwa jamii za watu wa Komoro, kwa wingi, wala haikusema jamii moja. Kwa Kifaransa ni tofauti ya herufi moja tu mwishoni mwa neno. Katiba ya Ufaransa yenyewe, kifungu cha 53, inatumia neno hilohilo kwa wingi: ardhi haitolewi wala haibadilishwi bila ridhaa ya jamii zinazohusika. Matokeo yalipotoka, wabunge wa Paris waliishika herufi ile. Tarehe 3 Julai 1975 walitunga sheria nyingine: katiba ya nchi mpya lazima ikubaliwe kisiwa kimoja kimoja. Siku tatu baadaye, tarehe 6 Julai, wabunge wa Moroni, mji mkuu wa Komoro, chini ya kiongozi wa serikali ya visiwa Ahmed Abdallah, hawakungoja tena. Walitangaza uhuru wa visiwa vyote vinne. Wajumbe wa Maore hawakuwepo.

Hapo ndipo mjomba wako anapopata nguvu. Desturi ya sheria ya kimataifa ni kwamba koloni huhesabiwa lote kwa pamoja. Azimio 1514 la Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa, la Desemba 1960, lilitoa haki ya kujiamulia kwa watu wote waliotawaliwa, na kifungu chake cha sita kikakataza kuigawa nchi vipande. Afrika nayo iliongeza kufuli lake Cairo mwaka 1964, kwa pendekezo la Mwalimu Nyerere: mipaka tuliyoikuta siku ya uhuru ndiyo mipaka yetu. Ndiyo maana Komoro ilipopokelewa Umoja wa Mataifa tarehe 12 Novemba 1975, azimio lilivitaja visiwa vinne kwa majina, Maore kikiwemo. Februari 1976 shauri lilifika Baraza la Usalama. Wajumbe 11 waliiunga mkono Komoro, Tanzania ikiwa miongoni mwao, watatu hawakuelemea upande wowote, na mmoja alipinga. Huyo mmoja alikuwa Ufaransa, mwenye kura ya turufu. Siku mbili baadaye Ufaransa iliwapigisha kura watu wa Maore peke yao, na asilimia 99.4 wakachagua kubaki. Oktoba mwaka huohuo Baraza Kuu liliitangaza kura ile kuwa batili.

Mahakama ya Kimataifa ya Haki, ilipotoa maoni yake juu ya visiwa vya Chagos tarehe 25 Februari 2019, iliupa msimamo huo msumari. Uingereza ilivimega Chagos kutoka Mauritius mwaka 1965, kabla ya kuipa uhuru. Mahakama ilisema koloni ni kitu kizima, na kipande chake hakiwezi kukatwa na mtawala isipokuwa kwa matakwa huru na ya kweli ya watu wa nchi ile. Mauritius ina haki. Wanasheria wengi waliposoma maoni yale, jina lililofuata vichwani mwao lilikuwa Maore.

Ingekuwa mtihani wa darasani, ningempa mjomba maksi zake nikafunga. Siwezi, kwa sababu Maore si Chagos. Watu wa Chagos, kama 1,500 hivi, hawakuulizwa chochote; walipakiwa melini wakahamishwa, kisiwa kikageuzwa kambi ya jeshi. Watu wa Maore waliulizwa, na si mara moja. Mwaka 1974 walikataa uhuru. Februari 1976 walikataa kurudi Komoro. Aprili 1976 Ufaransa iliwaletea kura kuhusu hadhi ndogo kuliko waliyoitaka, nao wakafanya kitu ambacho hadi leo nikikisoma nasimama: wengi waliacha karatasi za serikali wakatumbukiza sandukuni karatasi zao wenyewe, zilizoandikwa kwamba wanataka kuwa mkoa kamili wa Ufaransa. Maofisa walizihesabu kama kura zilizoharibika, na zilizoharibika zikawa nyingi kuliko halali. Ilichukua miaka 33 kupewa walichokiandika. Machi 2009 zaidi ya asilimia 95 ya waliopiga kura waliukubali mkoa, na tarehe 31 Machi 2011 Maore ikawa mkoa wa 101 wa Ufaransa. Huwezi kuwaambia watu hawa kwamba walidanganywa kwa nusu karne nzima.

Na chuki ile haikushuka toka mbinguni. Wakati wa ukoloni makao makuu ya visiwa vyote yalikuwa Dzaoudzi, pale Maore. Mwaka 1958 iliamuliwa yahamie Moroni, Ngazija, na miaka ya sitini yakahama kweli. Mshahara wa karani ulihama, dobi alihama, mwenye mkahawa akabaki na viti vitupu. Wengi waliofuata kazi walikuwa wanaume, na waliobaki nyumbani kuhesabu hasara walikuwa wanawake. Hao ndio walioanzisha vita. Waliongozwa na akina Zena M'Déré, na silaha yao ilikuwa vidole. Waziri au ofisa akitoka Moroni, akishuka tu, alizingirwa na wanawake wa leso wakimtekenya mbavuni na kwapani, wakicheka, mpaka mheshimiwa anakosa pumzi na heshima na kurudi alikotoka. Usidhani ulikuwa mchezo. Mwenzao mmoja, Zakia Madi, aliuawa katika vurugu za gatini Mamoudzou Oktoba 1969. Hoja yao ilikuwa wazi: Moroni imetufanyia hivi tukiwa bado chini ya Mfaransa, itatufanyaje ikiwa na bendera yake?

Lakini na wewe usiibebe ile asilimia 99 kama ngao. Siku zile Maore ilikuwa na watu walioutaka umoja wa Komoro. Wenzao waliwaita "serrelamain", wapeana mikono, na wenye msimamo wa kubaki waliitwa "soroda", askari. Mwaka 1974 zaidi ya theluthi moja ya kura za Maore zilitaka uhuru pamoja na wenzao. Miezi kumi na minne baadaye karibu hakuna aliyebaki. Watu hawabadiliki nia namna hiyo. Wapeana mikono wengi walisumbuliwa, wakafukuzwa, wakapakiwa kwenye vyombo kwenda visiwa vingine. Kwa hiyo ridhaa ya Maore ni ya kweli, naiamini, ila ukubwa wa ile namba umetengenezwa pia na waliotolewa mlangoni kabla ya kuhesabu.

Utaniuliza, mbona Eritrea walipiga kura Aprili 1993 wakapata zaidi ya asilimia 99, na Sudan Kusini Januari 2011 karibu asilimia 99, na dunia ikapiga makofi? Kilichowatenga ni yaliyofanyika kabla ya sanduku kufunguliwa. Serikali mpya ya Addis Ababa ilikuwa imekubali Eritrea wapige kura. Khartoum ilikuwa imetia saini mwaka 2005, baada ya mazungumzo marefu yaliyofanyika kwenu Kenya, kwamba watu wa kusini wataulizwa, na ilijulikana mapema nani ana haki ya kujiandikisha, hata waliokuwa uhamishoni, na kwamba kura haifai kitu wasipojitokeza angalau asilimia 60. Aliyeshindwa alikuwa ameshayakubali masharti ya kushindwa. Mlango wa Cairo ulifunguliwa na mwenye nyumba mwenyewe.

Pale ambapo pande mbili hazikukubaliana juu ya orodha, kura haikupigwa kabisa. Abyei, kati ya Sudan mbili, ilikuwa ipige kura yake Januari ileile ya 2011. Ilikwama kwenye swali la Wamisseria, wafugaji wanaoshuka na ng'ombe wao kila kiangazi kisha wakarudi kaskazini: je, ni wakazi au ni wapita njia? Sahara Magharibi nako Umoja wa Mataifa ulituma ujumbe mwaka 1991 kuandaa kura. Miaka ikaenda kwenye kuhoji wazee kuhusu koo na nasaba, Morocco ikileta majina, Polisario, chama kinachopigania uhuru wa Sahara, ikiyakataa, na sanduku halikufunguliwa hadi leo. Kila upande ulijua kwamba atakayeandika daftari ameshapiga kura.

Hata kwenu mna mifano, na hamhitaji kuvuka bahari. Mwaka 1962 tume ya Waingereza ilizunguka wilaya za mpaka wa kaskazini, ile NFD, ikakuta Wasomali wa huko kwa wingi wanataka kuungana na Somalia. Mwaka uliofuata serikali ya Uingereza iliamua vingine, na damu iliyofuata mnaijua kwa jina la vita vya shifta. Na Mwambao, zile maili kumi za Sultani ambamo Mombasa yako imo, uliingizwa Kenya kwa makubaliano ya Oktoba 1963 kati ya serikali ya Zanzibar na ya Kenya. Tume ilikuwa imepita kusikiliza watu, sanduku la kura halikuletwa. Siyasemi haya kufukua makaburi. Nayasema ili mjomba asidhani kanuni ya Cairo ilikuwa bure. Ililipiwa na watu ambao hawakuulizwa, au waliulizwa wakapuuzwa. Mimi bado naiona ilikuwa sahihi kwa wakati wake, lakini anayeitetea lazima awe tayari kuwatazama watu hao usoni.

Komoro yenyewe imeonja pande zote mbili. Agosti 1997 Nzwani ilitangaza kujitenga. Wazee walitoka barabarani na bendera ya Ufaransa wakiomba wapokewe tena, kama jirani yao wa Maore. Ufaransa ilikataa. Oktoba mwaka ule walipiga kura ya kujitenga, ikatoka asilimia 99 na ushei. Hakuna nchi iliyowatambua. Machi 2008 majeshi ya Umoja wa Afrika, wengi wao Watanzania na Wasudan, yakishirikiana na jeshi la Komoro, yaliteremka Nzwani kumwondoa Mohamed Bacar, naye akakimbilia Maore kwa mashua. Kama wengi wa kisiwa wanatosha, Nzwani ilikuwa na haki ileile ya Maore. Ukitaka kuwa mkweli na hoja yako, binti yangu, inabidi uwatetee wote wawili au usimtetee yeyote.

Sasa niseme ninavyoona mimi. Kisheria, Ufaransa ilikosea mwaka 1975. Ilibadili hesabu baada ya kuyaona matokeo, na kura ya mtawala juu ya kipande alichokishikilia mwenyewe haiwezi kuwa hukumu ya kesi yake mwenyewe. Hapo niko na mjomba bila kuyumba. Ila kosa la 1975 haliwapi Moroni ruhusa ya kuwachukua watu wa Maore kama mzigo uliopotea bandarini. Watoto wa wale waliopiga kura ni watu wazima sasa, na wajukuu wao hawajui nchi nyingine. Ridhaa zinazotakiwa ni mbili, ya Maore na ya Komoro, na kwanza kabisa ridhaa juu ya namna ya kuhesabu.

Jambo hili limewezekana mahali pengine, pagumu kuliko Komoro. Ireland Kaskazini ilipigishwa kura Machi 1973 kuhusu kubaki Uingereza. Karibu asilimia 99 walisema kubaki, kwa sababu wengi wa Wakatoliki waliotaka Ireland moja waliisusia. Kura ile haikutuliza hata mtaa mmoja. Watu waliendelea kuuana kwa robo karne. Kilichotuliza ni mapatano ya Aprili 1998. Upande wa Dublin ulikubali kuyafuta katika katiba yake madai ya kuimiliki kaskazini, ukaandika badala yake kwamba umoja utakuja kwa ridhaa ya wengi wa pande zote mbili. Upande wa London ulikubali kwamba siku wengi wa Ireland Kaskazini watakapotaka kuungana na Ireland, hautawazuia. Mei 1998 kila upande ulipiga kura yake siku moja: kusini asilimia 94 waliyakubali, kaskazini asilimia 71. Ile 71 nyembamba imejenga zaidi kuliko ile 99 nene, maana ndani yake kuna Wakatoliki na Waprotestanti waliopanga foleni moja. Na mtu wa Belfast anaruhusiwa kuwa Muingereza, au Muairishi, au vyote viwili, vyovyote mpaka utakavyoamuliwa baadaye.

Kwa Maore ningeanza na hilo la mwisho. Tangu Januari 1995 mtu wa Nzwani hawezi kuvuka kwenda Maore bila viza ya Ufaransa. Kati ya visiwa hivi kuna kilomita 70 tu. Watu walikuwa wakivuka kuoa, kuzika, kuuza ndizi. Mtu wa Nzwani na mtu wa Maore wanaelewana kila mmoja akisema lugha yake. Sasa wanavuka usiku kwa kwassa-kwassa, ile mashua nyembamba ya uvuvi, watu wamekaa magoti kifuani, mama amemfunga mtoto mgongoni kwa leso, taa zimezimwa ili doria isiwaone. Maelfu wamekufa maji. Komoro na Ufaransa zikiendelea kungojea nani atatajwa mwenye kisiwa ndipo ziuguse mpaka huu, watazidi kufa. Njia halali ya kuvuka inaweza kukubaliwa bila upande wowote kuacha dai lake, kwa maandishi yanayosema wazi kwamba hakuna aliyesalimu amri.

Na Komoro ina kazi yake ya nyumbani. Bendera yake ina mstari mweupe na nyota kwa ajili ya Maore, lakini mtu wa Mamoudzou haangalii bendera, anaangalia hospitali na shule, na anakumbuka mapinduzi yaliyopita Moroni. Katiba ya 2001 ilijaribu kitu kizuri sana: urais wa kupokezana kisiwa kwa kisiwa, ili Ngazija yenye watu wengi isiwameze wadogo. Huo ulikuwa ujumbe kwa Maore kuliko hotuba yoyote ya New York. Mwaka 2018 utaratibu ule ulilegezwa ili rais aliyepo aweze kugombea tena. Ningekuwa na sauti Moroni, ningelilia jambo hilo kabla ya kulilia Paris.

Nimefika kwa shangazi yako. Kwa sheria ya leo, kama hana uraia wa Ufaransa, hatahesabiwa. Sensa ya 2017 ilikuta Maore ina watu 256,518, karibu nusu yao wakiwa raia wa kigeni, na wengi wa hao ni Wakomoro kama yeye. Yaani kura ikipigwa kesho, nusu ya kisiwa watakaa nje ya kituo wakiwasubiri wenzao waamue. Anayeogopa akina shangazi atasema wameletwa na umaskini, wakipewa kura watakibeba kisiwa. Na hofu hiyo ni ya kweli, usiidharau, maana wenyeji wenyewe wana maisha magumu, zaidi ya robo tatu ya watu wa Maore wako chini ya mstari wa umaskini wa Ufaransa. Anayemtetea atasema miaka ishirini ya kupika, kulea na kufagia Mamoudzou ni ukazi tosha.

Katika makubaliano ambayo ningeyapendekeza, tarehe ya ukazi ingewekwa na pande zote mbili kabla ya kura kutajwa, miaka kumi kwa mfano, na wale wapeana mikono waliofukuzwa miaka ya sabini pamoja na watoto wao nao wangeandikishwa. Kwa hesabu hiyo shangazi angeingia. Kwa sasa, ushauri wangu kwake ni wa karibu zaidi: atunze kila karatasi inayoonyesha tarehe, kadi za kliniki, vyeti vya shule vya watoto, risiti za kodi ya nyumba, na kama zililowa au kupotea kimbunga Chido kilipopiga Desemba 2024, aombe nakala sasa. Daftari likifunguliwa siku moja, wataulizwa walikuwa wapi na tangu lini, na jibu litatakiwa liwe mkononi.